Mzee Aliyelilia Ndoto

 Leo nataka kuzungumza nanyi juu ya jambo ambalo kila mtu hulifanya usiku bila kufundishwa na mwalimu yeyote, nalo ni kuota ndoto. Nitawapa habari za daktari mmoja wa Ulaya, jina lake Carl Gustav Jung, ambaye katika mwaka 1925 alitoka nchi ya Uswisi akaja Afrika ya Mashariki, na miongoni mwa mambo aliyoyatafuta huku zilikuwamo ndoto za watu.

Labda mtauliza, "Daktari huyu ndoto zetu zilimhusu nini?" Swali hilo ni la haki, nami nitalijibu. Lakini kwanza nipeni ruhusa nianze nyumbani kwetu.

Nilipokuwa mtoto, babu yangu alikuwa na desturi moja. Kila asubuhi, kabla ya kunywa uji, aliketi mlangoni akitazama upande wa Kilima Njaro, ambako jua huchomoza, akaniuliza, "Mjukuu wangu, umeota nini?" Nami nilimweleza yote: mto uliofurika, ng'ombe aliyesema, marehemu bibi akipepeta mahindi. Alisikiliza kwa makini kama mzee asikilizaye shauri barazani. Baadaye nikaingia shule, nikajifunza hesabu na ramani za dunia. Niliporudi likizo, mzee akaniuliza kama kawaida yake. Nikamjibu, "Babu, mimi siku hizi sioti. Ndoto ni mambo ya watu wasiosoma." Neno hilo halikuwa kweli, maana usiku ule ule nilikuwa nimeota. Mzee hakunikemea. Alinyamaza, akanywa uji wake, wala hakuniuliza tena mpaka siku alipokufa.

Jambo hilo nililisahau kwa miaka mingi, hata niliposoma kitabu cha maisha ya Dakta Jung, nikamkuta humo mzee mwingine, wa mlima mwingine, aliyesema ya kwamba haoti tena. Hapo nikaweka kitabu chini, nikamkumbuka babu yangu.

Basi sasa nisikilizeni habari za daktari huyo.

Carl Jung alizaliwa tarehe 26 Julai 1875, katika kijiji kiitwacho Kesswil, kando ya ziwa kubwa lililo mpakani mwa Uswisi na Ujerumani. Baba yake alikuwa mchungaji wa kanisa. Kijana alisoma udaktari katika mji wa Basel, na katika mwaka 1900 akaanza kazi Zürich, katika hospitali ya wenye wazimu iitwayo Burghölzli, chini ya mkuu wake Profesa Eugen Bleuler. Wakati ule madaktari wengi wa Ulaya waliyatazama maneno ya mwenye wazimu kama kelele za upepo. Waliuandika ugonjwa, wakaupa jina, wakafunga daftari. Lakini Jung alijiuliza, "Je, mtu huyu anataka kusema nini?"

Nitawapa mfano mmoja aliousimulia yeye mwenyewe. Hospitalini mlikuwamo bibi kizee aliyelala kitandani miaka mingi sana. Hakusema na mtu. Kazi yake ilikuwa kuichezesha mikono kwa namna ya ajabu, mchana kutwa, na hakuna aliyejua maana yake. Jung akaulizauliza, akaambiwa na wauguzi wa zamani ya kuwa mikono ile hapo kwanza ilifanya kama mikono ya fundi anayeshona viatu. Bibi yule alipokufa, kaka yake akaja mazikoni. Jung akamwuliza, "Dada yako aliugua kwa sababu gani?" Akajibu, "Alimpenda fundi viatu. Yule bwana akamkataa, naye akapotewa na akili." Basi mnaona, wasikilizaji wangu. Mikono ile haikuwa ikicheza bure. Maisha yake yote mwanamke yule alikuwa akikaa karibu na mtu aliyempenda. Tangu hapo Jung alishika neno moja: hata katika wazimu kuna maana, bali yataka msikilizaji.

Tena alitumia njia nyingine ya kuichunguza nafsi. Alikuwa na orodha ya maneno 100. Alimsomea mgonjwa neno moja moja, na mgonjwa alitakiwa kujibu upesi neno la kwanza limjialo moyoni. Ukiambiwa "maji", utasema "mto". Ukiambiwa "mkate", utasema "kula". Daktari alishika saa mkononi akipima. Kwa maneno mengi mtu hujibu mara moja. Lakini likifika neno fulani, husita, au hucheka, au husahau alilotaka kusema. Pale alipositia ndipo penye kidonda. Ni kama mganga abonyezaye tumbo la mtoto polepole, hata afike mahali ambapo mtoto hulia. Mgonjwa mwenyewe aweza kuwa hajui ana kidonda hicho. Wahenga wetu walisema, mficha uchi hazai. Lakini Jung aliona ya kwamba mtu huweza kuficha jambo hata yeye mwenyewe asijue ya kuwa ameficha.

Katika siku hizo, mjini Vienna katika nchi ya Austria, alikuwako daktari mwingine mkubwa kwa umri, jina lake Sigmund Freud, aliyezaliwa mwaka 1856. Yeye ndiye aliyeanzisha elimu ya kuchambua nafsi kwa mazungumzo: mgonjwa hulala kwenye kochi, husema kila limjialo, na daktari husikiliza. Freud alikuwa ametoa kitabu kikubwa juu ya kufasiri ndoto. Jung alipokwenda kumwona mwaka 1907, inasemekana walizungumza saa 13 karibu bila kupumzika. Wakawa kama baba na mwana. Katika mwaka 1909 walisafiri pamoja kwenda Marekani kutoa mafundisho, na mwaka 1910 Jung akafanywa rais wa kwanza wa chama cha dunia cha wachambuzi wa nafsi.

Lakini urafiki ule haukudumu. Freud aliamini ya kuwa ndoto huficha tamaa za mtu, hasa tamaa za mwili na za utotoni, na ya kwamba kazi ya daktari ni kuufunua uso uliofunikwa. Jung alisema, "Ndoto haifichi kitu. Husema wazi, lakini kwa lugha ya picha, nasi tumeisahau lugha hiyo." Tena alisema ya kwamba chini ya mambo ya mtu mmoja mmoja kuna tabaka la nafsi ambalo watu wote wa dunia wanashirikiana, kama visima vingi vya kijiji vinavyopata maji kwa chemchemi moja. Kwa ajili hiyo hadithi za Wahindi, za Wayunani na za Waafrika hufanana, ijapokuwa wenyewe hawakukutana. Katika mwaka 1913 wakaachana, wala hawakupatana tena. Freud alikufa London mwaka 1939.

Kwa miaka kadhaa baada ya kuachana na Freud, Jung alikaa katika taabu ya moyo. Aliziandika ndoto zake mwenyewe na kuzichora kwa rangi katika kitabu kikubwa chenye jalada jekundu, ambacho watu hawakukisoma mpaka kilipopigwa chapa mwaka 2009. Katika mwaka 1921 alitoa kitabu juu ya aina za watu, akawaeleza wale ambao nguvu zao huelekea nje, kwa wenzao na mambo ya dunia, na wale ambao nguvu zao huelekea ndani.

Sasa tufikie safari yake ya kuja kwetu. Jung alitaka kujua kama mambo aliyoyaona katika nafsi za Wazungu yalikuwa ya Wazungu tu, au ya wanadamu wote. Basi katika vuli ya mwaka 1925 alipanda meli pamoja na rafiki wawili, Mwingereza aitwaye Peter Baynes na Mmarekani aitwaye George Beckwith. Wakashuka Mombasa mwezi wa Novemba, wakapanda gari la moshi kwenda Nairobi. Alfajiri Jung aliamka, akatazama dirishani, akamwona mtu mwembamba amesimama juu ya jabali, ameegemea mkuki, akilitazama gari likipita. Moyo wake ukashtuka, kana kwamba alimjua mtu yule tangu miaka elfu nyingi.

Kutoka Nairobi wakaenda hata mwisho wa reli iliyokuwa ikijengwa kuelekea Uganda, wakapita Kakamega, kisha wakaenda kwa miguu pamoja na wapagazi mpaka Mlima Elgon. Mlima huo uko mpakani mwa Kenya na Uganda, nao waweza kuitwa ndugu wa Meru yetu: yote miwili ni milima ya moto wa zamani. Elgon una urefu wa mita 4,321, na Meru mita 4,566. Hapo Jung alipiga kambi majuma kadhaa kati ya watu ambao yeye aliwaita Waelgonyi, nao ni wa jamaa ya wale waitwao leo Wasabaoti.

Alikuwa na umri wa miaka 50 tu, lakini kwa kuwa nywele zake zilikuwa nyeupe, watu walimwita Mzee. Kila siku waliketi juu ya vigoda, wakafanya shauri. Jung alisema Kiswahili kibovu, akifunua funua kamusi ndogo. Hakuwauliza maswali kama karani wa kodi. Alikaa, akangoja, akasikiliza.

Jambo moja lilimstaajabisha sana. Asubuhi, jua lilipochomoza, watu walitoka nyumbani, wakaweka viganja mbele ya vinywa, wakavitemea mate au kuvipulizia pumzi, kisha wakavielekeza viganja kwenye jua. Akawauliza maana yake. Wakajibu ya kuwa ndivyo walivyofanya sikuzote. Baada ya maswali mengi akaelewa ya kwamba kwao jua si Mungu linapokuwa juu mchana. Bali ile dakika ya kuchomoza ndiyo yenye utakatifu. Mate na pumzi ni uhai wa mtu. Basi yule mtu alikuwa akimtolea Mungu nafsi yake bila neno lolote.

Ninyi wa Arusha hamtashangaa kama alivyoshangaa yeye. Kwa Wamasai na Waarusha mate ya mzee ni baraka, na mtoto aliyetemewa mate na mzee huondoka amefurahi. Wala Jung hakuwacheka wasioweza kueleza desturi yao. Alikumbuka ya kwamba na Wazungu huwasha mishumaa juu ya mti wakati wa Noeli, na wengi wao hawawezi kusema kwa nini.

Kisha akauliza juu ya ndoto. Hapo watu wakanyamaza. Akatoa zawadi ndogo ndogo, kama sigara na viberiti, apate kuambiwa ndoto. Lakini kila mtu alisema haoti. Mwishowe akaletewa mganga wao, laiboni mzee, aliyevaa joho zuri la ngozi za kima. Jung akamwuliza juu ya ndoto zake. Macho ya mzee yakajaa machozi. Akaeleza ya kuwa zamani malaiboni waliota, wakajua kama vita vinakuja au maradhi, kama mvua itanyesha, na makundi ya ng'ombe yapelekwe wapi. Babu yake aliota bado. Lakini tangu Wazungu walipofika, hakuna aotaye tena. Ndoto hazina kazi, kwa maana sasa Waingereza wanajua kila kitu.

Wasikilizaji wangu, tafakarini neno hilo. Mzee hakusema ya kuwa Waingereza walikataza ndoto. Hapakuwa na sheria ya namna hiyo. Alisema ya kwamba habari za vita, za maradhi na za malisho zilikuwa zimehamia Boma, mezani pa Bwana Shauri. Mtu asiyeulizwa tena juu ya njia ya ng'ombe wake, ataota kwa ajili ya nani? Jung alilielewa jambo hili. Aliona ya kuwa Bwana Shauri alikuwa amekikalia kiti cha ndoto.

Na hapa kwetu je? Wazee wa Kimasai husimulia juu ya laiboni mkuu Mbatiani, aliyefariki karibu na mwaka 1890, ya kwamba kabla ya kufa aliwaonya watu juu ya ugonjwa wa ng'ombe na juu ya wageni weupe watakaokuja. Ng'ombe wakafa kwa sotoka, na wageni wakaja. Baadaye Wajerumani wakajenga Boma hapa Arusha, na Waingereza wakalishika katika mwaka 1916. Katika mwaka 1951 serikali iliyojua kila kitu ikaamua ya kuwa watu wa Meru waondoke Ngarenanyuki, ardhi yao ipewe walowezi wa Kizungu. Nyumba zikachomwa, ng'ombe wakafukuzwa. Ni swali lile lile la laiboni wa Elgon: makundi yapelekwe wapi, na nani ajuaye? Lakini watu wa Meru hawakukubali ya kwamba wao hawajui kitu. Walichanga fedha, wakamtuma Kirilo Japhet mpaka New York, akalieleza shauri lao mbele ya Umoja wa Mataifa katika mwaka 1952. Ardhi hawakuirudishiwa wakati ule, lakini sauti yao waliirudisha.

Sasa ni haki nimsifu Dakta Jung, na ni haki nimsahihishe. Namsifu kwa sababu aliketi kigodani, akaandika machozi ya mzee badala ya kuyadharau. Lakini katika vitabu vyake mara nyingi aliwaita watu wetu watu wa kale, kana kwamba Afrika ni utoto wa Ulaya. Yule mtu wa jabalini aliyeegemea mkuki hakuwa wa miaka elfu tano iliyopita. Alikuwa mtu wa mwaka 1925, na labda alikuwa akijiuliza, "Gari hili lapeleka watu gani, na wanataka nini katika nchi yetu?" Jung hakupata kumwuliza. Tena alisafiri chini ya ulinzi wa serikali ile ile iliyomnyamazisha laiboni. Si ajabu watu hawakumpa ndoto zao kwa bei ya kiberiti.

Yeye mwenyewe alikiri ya kuwa katika safari ile aliogopa. Aliota usiku mmoja ya kwamba kinyozi Mweusi, aliyemnyoa zamani huko Marekani, alikuwa akizikunja nywele zake kwa chuma cha moto zifanane na nywele za Mwafrika. Akaamka amejaa hofu. Akaelewa ya kuwa alikuja kuzichunguza nafsi za watu wengine, kumbe nafsi yake ndiyo iliyokuwa ikichunguzwa. Neno hilo alilisema wazi kitabuni, nami namheshimu kwa kulisema.

Kutoka Elgon alikwenda Uganda, akaufuata Mto Nili kupitia Sudani mpaka Misri, akarudi kwao katika mwaka 1926. Aliishi miaka mingi tena, akiandika na kutibu, akafa nyumbani kwake Küsnacht tarehe 6 Juni 1961. Kitabu cha maisha yake, chenye habari hizi za Elgon, kilitoka baada ya kufa kwake.

Basi tujifunze nini? Sikuambieni ya kuwa kila ndoto ni unabii. Jung mwenyewe hakufundisha hivyo. Alifundisha ya kwamba ndoto humwonyesha mtu upande asioutazama mchana. Mwenye majivuno huota ameanguka. Mwenye kunyamazia huzuni huota analia. Tena, mtu akipatwa na wazimu au huzuni isiyoondoka, msimfunge kamba wala msimfiche chumbani. Mpelekeni hospitali, na njiani msikilizeni, maana mficha maradhi kifo humuumbua.

Na ninyi wanafunzi, nawapa kazi ya likizo. Mkifika nyumbani, chukueni daftari. Mwulizeni babu au bibi, "Zamani mliota nini, na mlimwambia nani?" Msimpe zawadi kwanza. Kaeni naye, mngoje, kama mtu angojavyo maji yatulie kisimani. Yaandikeni maneno yake kwa lugha yake na kwa Kiswahili. Msingoje mgeni atoke mbali kuja kuyatafuta.

Mimi siwezi tena kufanya kazi hiyo. Asubuhi ile nilipomwambia babu yangu ya kuwa siku hizi sioti, nilikuwa nimeota yeye na mimi tunapanda mlima, naye yu mbele, ananingoja. Ningalimwambia, labda angalicheka, labda angalinieleza maana yake. Sasa nawaambia ninyi. Na kesho asubuhi mtu wa nyumbani mwenu akiwauliza mmeota nini, mjibuni kweli.